Siku Niliyomfuturisha Anti Suman

Nikisikia harufu ya uzile, ile wengine mnayoiita jira, ikikaangwa kwenye samli, naacha chochote ninachokifanya. Juzi nilikuwa arusini, nimekaa na wanawake ninaowaheshimu, harufu ile ikatoka jikoni nikaanza kutabasamu peke yangu. Kumbe na mwenzangu mmoja kaisikia. Akakunja pua, akasema: "Harufu ya majumba ya Wahindi hii. Watu wale wachoyo, hawana mapenzi na mtu." Wallahi sahani niliiweka chini. Nilimwambia maneno ambayo mama yangu angeyasikia angenitia pilipili mdomoni, na utu uzima wangu huu. Mie nusu ya utoto wangu nimelelewa kwenye nyumba ya Wahindi. Nimekula vyao, nimelala vitandani mwao, na siku moja nusura niwaharibie nyumba nzima kwa mkono wangu mwenyewe, na hawakunifukuza. Sasa mtu aniambie wachoyo?

Tulikuwa tunakaa Malaz, Riyadh, ghorofa ya tatu. Babu yangu alikimbilia Jeddah kutoka Unguja baada ya Mapinduzi, baba akazaliwa huko huko, na mama akaletwa kutoka Unguja kuja kuolewa. Baba alikuwa dereva wa basi la skuli. Mlango wa mbele yetu walikuwa wakikaa Anti Suman, mumewe tuliyemwita Anko, na mtoto wao Ruhi, miaka tisa sawa na mie. Anko alikuwa injinia wa umeme, kaja zama zile makampuni yakileta watu kwa ndege nzima nzima. Kwanza alifanya kazi Riyadh, kisha kafili wake, yule tajiri aliyemdhamini, akamhamishia Jeddah kwenye majengo mapya. Anti na Ruhi wakabaki kwa ajili ya skuli, na Anko akawa anakuja mara moja kwa wiki mbili. Akija, mlango wetu ndo wa kwanza kugongwa. "Pilipili yangu iko wapi?" Aliniita Mirchi, ndo pilipili kwa Kihindi, tangu siku nilipomzaba kibao mtoto mmoja ndani ya basi la baba yangu, kwa sababu kamwambia Ruhi nywele zake zinanuka mafuta. Nywele zenyewe zilikuwa zinanuka mafuta kweli. Lakini ilikuwa kazi yangu mie kumwambia, si yeye.

Tulikuwa tunazungumza Kihindi cha sinema, Kiarabu cha dukani na Kiingereza cha skuli, vyote ndani ya sentensi moja. Hapa naandika Kiswahili kwa sababu ndivyo ninavyowasikia kichwani.

Nyumba ile ilikuwa na mambo yake. Viatu mlangoni. Sahani za chuma, ukiziangusha jengo zima linajua. Sufuria ya presha ilipiga firimbi na Anti alikuwa akihesabu: dengu firimbi tatu, maharage sita, na ukimsemesha katikati akapotea hesabu, utakula mabichi na hutasema kitu. Ijumaa asubuhi tulikaa chini mie na Ruhi, yeye Anti yuko juu ya kiti, anatupaka mafuta ya nazi kichwani kama anafua nguo. Na juu ya meza ya jikoni kulikuwa na laptopu, na ndani ya laptopu kulikuwa na bibi yake Ruhi, mama yake Anko, yuko kwao Panjabu. Yule bibi alikuwa akipiga simu ya video asubuhi na jioni, Anti anaiegemeza laptopu kwenye kopo la dengu, bibi anatazama mpaka kitunguu kinavyokatwa. "Nyembamba, Suman! Nyembamba!" Mie nilikuwa nikiingia pale namwamkia kwanza bibi wa laptopu, kwa adabu zote.

Mama naye alikuwa na sufuria moja ndogo, jina lake sufuria ya Ruhi. Nyama haikuingia humo hata siku moja. Baba aliwahi kupasha supu yake mle, mama akaitupa sufuria nzima, akanunua nyengine.

Kulikuwa na sheria moja tu, na Ruhi ndo aliyenipa. Ndani ya kabati la jikoni, nyuma ya mchele, kulikuwa na taa ndogo na picha, na Anti alikuwa akisimama pale kila asubuhi, kafumba macho. Pale Riyadh mtu wa dini nyengine alikuwa akiabudu kimya kimya, kabati linafungwa. Ruhi akaniambia, "Ya jikoni kwetu yanabaki jikoni kwetu. Usimwambie hata mama yako." Nikaapa. Na mie nikiapa, hata ukinichinja sisemi.

Alfajiri moja ya Alhamisi niliamka kwenda msalani. Dirisha la jikoni kwetu na la kwao yalikuwa yanatazamana. Nikaona taa inawaka kwao. Anti kakaa mezani peke yake, ana bakuli la tambi za maziwa, anakula haraka haraka huku anatazama saa. Bibi yuko kwenye laptopu, anamhimiza. Na mikono yote ya Anti, mpaka kwenye viwiko, ina hina mpya nyekundu. Nikasimama na miguu yangu baridi. Haijaadhiniwa bado. Sasa nani duniani anakula kabla ya adhana ya alfajiri? Anayekula daku! Na tambi za maziwa! Na mama yangu mwenyewe alikuwa anafunga sunna Jumatatu na Alhamisi. Nikajua hapo hapo: Anti amekuwa wetu, na anafanya kwa siri.

Niliporudi skuli nikaenda kuhakikisha. Anti yuko jikoni, midomo imemkauka.

"Mirchi, njoo onja chumvi."

"Onja mwenyewe, Anti."

"Leo sionji. Njoo."

"Kwa nini huonji?"

"Mtoto una maswali wewe! Leo sili, halas. Chumvi imetosha au haikutosha?"

Imetosha. Na mie nilikuwa nimetosheka pia. Nilitaka kumkumbatia. Nilitaka nimwambie mama, lakini nimeapa, na mambo yenyewe ni ya jikoni. Basi nikaamua nitamtunza mwenyewe. Mie nimefundishwa kwamba mfungaji akisikia adhana ya magharibi haachwi kusubiri, kuharakisha kufuturu ndo sunna, na anayemfuturisha mtu ana thawabu kama za aliyefunga. Mtu wetu mpya, saumu yake ya kwanza, amfuturishe nani kama si mie?

Nikachukua tende tatu kwenye kikopo cha baba, zile laini za sukari, na gilasi ya maji. Nikasimama nyuma ya mlango wetu, sikio nje. "Allahu akbar" ya kwanza tu ikatoka, nikakimbia.

Anti alikuwa katikati ya jikoni, kavaa sari nyekundu na bangili mpaka huku juu, mzuri hata nikasahau nilichokuja kufanya. Kashika kwa mikono miwili sinia dogo lenye taa inayowaka, nafaka na vitu vitamu. Anamwonyesha bibi kwenye laptopu kama kila kitu kimepangwa sawa.

"Anti! Adhana!"

"Bado, beta, bado." Beta ndo mwanangu. "Mpaka mwe—"

Alikuwa kafungua mdomo, na mikono yake imeshika sinia la taa. Nikamtia tende.

Kwenye laptopu bibi akapiga ukelele mmoja. Mtandao wa siku zile mnaujua, picha ikaganda pale pale: mdomo wazi, mkono kichwani, ikabaki hivyo. Anti akasimama shavu limemvimba, ananitazama. Mie nimemkenulia meno yote, nimemnyanyulia gilasi. "Mungu aikubali, Anti."

Akanitazama sana. Kisha akatafuna, pole pole. Akameza. Akaweka sinia chini, akatoa kokwa kwa vidole viwili, akachukua gilasi, akanywa funda moja. Akatua. Kisha akanywa yote mpaka mwisho.

Ruhi ndo aliyetukuta hivyo. "Mummy! Umekunywa?"

"Si kitu," Anti akasema. "Si kitu, nyamaza."

Lakini Ruhi kashaniona na tende mbili mkononi. Akanikamata mkono, akanivuta mpaka kwenye ngazi.

"Unajua ulichofanya? Umemuua papa, umemuua baba yangu."

"Mie? Mie nimemfuturisha mtu! Nimemuua nani?"

"Mummy anafunga ili papa aishi siku nyingi! Wake wote wanafunga leo, hata maji hawanywi, mpaka mwezi utoke na papa mwenyewe amnyweshe. Ndo maana papa kaomba ruhusa. Yuko njiani sasa hivi, anatoka Jeddah na gari. Na wewe umekata!"

"Muongo! Mwezi umeandama zamani, leo mwezi kumi na nane, mwezi gani mnaungojea nyinyi?"

"Hatungojei uandame! Tunangojea uchomoze!"

Nikataka kumpiga. Mkono ulikuwa juu kabisa. Kisha nikausikia mlango wa kwao uko wazi, na Anti ndani anapiga simu, na yule mwanamke wa kwenye mitambo anajibu kwa Kiarabu kwamba simu hii imefungwa. Akapiga tena. Imefungwa. Mkono ukashuka wenyewe.

Niliijua njia ile ya Jeddah. Tulikuwa tukiipita kila mwaka kwenda kwa babu. Saa tisa, saa kumi za mchanga, ngamia wanakatiza, na pembeni kila mara unaona gari imelala chali, magurudumu juu, baba anasema "msitazame" na sote tunatazama. Nikakaa kwenye ngazi nikamweka Anko ndani ya kila gari niliyowahi kuiona. Kila aliyepanda ngazi nilimtazama miguu kwanza. Alipita mzee wa ghorofa ya tano, alipita mtu wa mitungi ya gesi. Mama akaniita nikale, nikasema nimeshiba. Anko hakupita.

Nikawasikia Anti na Ruhi wanapanda juu kwenye paa, bangili zinalia. Nikawafuata kwa miguu mitupu, nikajificha nyuma ya tangi la maji. Mwezi ulikuwa umetoka juu ya majengo, mwekundu, umemegeka kidogo upande mmoja. Anti kavua abaya, kasimama na sari yake, kainua chekecheke la unga usoni, anautazama mwezi kupitia matundu yake. Baadae Ruhi alinieleza kwamba ukishautazama mwezi unaligeuza chekecheke, unamtazama mumeo. Anti akautazama mwezi, akageuka, akatazama pale alipotakiwa Anko kuwapo. Palikuwa na madishi ya televisheni tu. Akabaki kalishika lile chekecheke hivyo hivyo, anayatazama madishi.

Hapo nikatoka mbio nyuma ya tangi.

"Ni mie, Anti! Si wewe uliyevunja, ni mie! Mwambie Mungu ni mie, mwambie mtoto wa Kizanzibari wa mlango wa mbele, asimchukue Anko! Mie sikujua! Nilidhani umekuwa wetu!"

Nililia mpaka nikakaa chini. Ruhi, aliyekuwa kaniapia hatasema na mie maisha yake yote, akaja akakaa chini na yeye, akalia kwa sauti kuliko mie. Anti akawa na watoto wawili wanalia na simu iliyofungwa mkononi. "Nyamazeni, jengo zima litapanda hapa," anasema, na yeye mwenyewe machozi yanamtoka, wanja unamteremka.

"Mbona mnalia, nani kafa?"

Anko. Kasimama kwenye mlango wa ngazi, shati jeupe limejaa grisi mpaka kolani, begi begani, anahema. Sikungoja amalize kuhema. Nilimrukia nikamshika mkono, nikamfinya.

"Mirchi! Unaniumiza!"

"Yuko hai," nikawaambia.

"Niko hai, nina njaa, na simu imeisha chaji. Tumepata pancha. Tairi limepasuka barabarani, gari ikayumba, tukashuka wote kubadilisha, na jeki yenyewe mbovu."

"Saa ngapi?" Ruhi akauliza.

"Magharibi. Wanaadhini tu."

Ruhi akanigeukia. Mie nikajifunika uso kwa mikono. Wallahi nilihisi lile tairi linapasuka ndani ya tumbo langu.

Lakini Anti akacheka. Akafuta macho kwa ncha ya sari, wanja ukaenda mpaka masikioni. "Mmesikia?" akasema. "Nimefunga tangu alfajiri mpaka magharibi, na alichopata ni pancha. Basi Mungu kaona imetosha. Njoo usimame hapa, mume wangu, nikutazame kabla na huo mwezi haujakuchoka." Akainua chekecheke, akamtazama, na Anko na grisi yake yote akamnywesha maji, akamlisha kipande cha kitamu. Kisha akanimegea na mie.

Sikukila. Nilikishika mkononi, nikashuka nacho. Mie si mtu wa kuambiwa "imetosha" nikaondoka. Kwetu saumu ikivunjika inalipwa, na aliyeivunja ni mie.

Kesho yake Ijumaa. Kwetu Ijumaa ni pilau, sinia moja, sote chini. Mama akanitilia mfupa ninaoupenda. Nikaurudisha.

"Unaumwa?"

"Nimefunga."

"Saumu gani?"

"Namlipia Anti."

Mama kijiko kikamwanguka. "Mama Ruhi kafa?"

"Hajafa!"

"Anayelipiwa saumu ni maiti! Basi unamlipiaje mtu mzima na nyumba yake iko hapo mbele?"

Baba akacheka, akatazamwa, akaacha. Ikanibidi nitoe yote, na kiapo changu kikaishia pale, Mungu anisamehe. Tambi, chumvi, tende, ukelele wa bibi, pancha. Mama alisikiliza huku uso unabadilika kila mara, na mwisho akasimama.

"Kwanza saumu ni ya Mungu, haifungwi kwa ajili ya mume wa mtu. Pili, Ijumaa peke yake haifungwi! Tatu, unaingiaje nyumba ya watu kuwatia vitu midomoni kama unalisha njiwa? Na nia ulitia?"

"Nilitia."

"Ulisemaje?"

"Nilisema, Mola wangu, mpe Anko umri mrefu, tende ilikuwa yangu."

Mama akaufunga mtandio wake upya, na ulikuwa haujafunguka. "Hiyo si nia," akasema, sauti imeshuka. "Hiyo ni dua. Dua haina Ijumaa. Inuka."

Akanishika mkono, akabeba sufuria ya Ruhi na wali wa mboga ndani, tukavuka. Anti akafungua, na mama hakungoja kukaribishwa. "Mama Ruhi, mwanangu kakuvunjia ibada yako. Hakukusudia. Nimekuja kukuomba radhi." Na mama yangu haombi radhi hovyo, baba anajua.

Anti akawa anazungusha bangili mkononi. Laptopu ilikuwa wazi, lakini nilipotazama niliona kaiziba kwa taulo la jikoni.

"Didi," ndivyo alivyomwita mama, dada, "niseme kweli? Ningeweza kuitema."

"Sasa mbona hukuitema?"

"Alikuwa ananitazama hivi." Akanikenulia meno yote, macho yamemtoka. Ndo uso wangu ule. Kisha akasogea, akashusha sauti kabisa, na mkono wake ukalisukuma lile taulo liizibe laptopu vizuri. "Na nilikuwa na njaa, didi. Tangu saa sita nausikia mkate wako wa kumimina kutoka dirishani. Nilikuwa nakufa."

Mama alicheka mpaka akashika mlango. Wakacheka wote wawili, wameshikana mabega, na mie nimesimama katikati, nina kiu, sielewi nani kamsamehe nani.

Niliimaliza ile siku. Ilipoadhiniwa magharibi Anko mwenyewe akagonga kwetu, kavaa shati safi, ana gilasi ya maji. Akapiga goti pale mlangoni, akaniambia nimtazame vizuri nihakikishe ni yeye, kisha akaninywesha. "Mke kanifungia, pilipili kanifungia," akasema. "Sasa nitazeeka mpaka mtanichoka." Ruhi akaniletea laddu mbili, vile vitamu vya duara vya kwao, na kusema na mie akaanza tena, kwa kunitukana.

Mwaka wa pili yake nilimwona tena Anti na tambi zake alfajiri, na hina yake, na jioni nikamwona midomo imemkauka. Nilijua kila kitu sasa, najua mwezi gani, najua kwa nini. Lakini adhana ilipotoka moyo wangu haukuvumilia. Nilijikuta niko mlangoni kwao na tende tatu, nimekuja tu, nitazame kama anataka. Nikashika kitasa. Mlango umefungwa kwa ufunguo, na kwa ndani nikasikia kiti kinaegemezwa.

"Anti?"

"Nakupenda, beta," ikatoka sauti yake nyuma ya mlango, kavu, inacheka. "Nakupenda kama Ruhi wangu. Ondoka na hizo tende!"

Kikapita kikaratasi chini ya mlango, mwandiko wa Ruhi: *Mwezi saa mbili kasorobo. Papa kashafika, anaoga. Usichelewe juu, na vaa nguo nyekundu.*

Nikakaa pale pale mlangoni kwao, nikazila zile tende zote tatu mwenyewe, nikangoja.